Dada Hajala Kitu

Dada yangu hakuwa mwongo. Naanza na hilo kwa sababu mpaka leo wapo watu mtaani kwetu wanaosema alikuwa anakula kwa kujificha, na wengine kati ya haohao walikuja kumwona hospitali na mifuko ya machungwa, wakakaa kitandani kwake wakamwita mpenzi. Sawa, midomo ni yao. Lakini mimi ndiye niliyeishi naye, niliyempikia, niliyempekua mpaka chini ya godoro, na nasema hivi: kila alipoulizwa amekula nini, alijibu ukweli mtupu. Ukweli huo ndio uliotuponza.

Alikuwa mpishi wa vitamu katika hoteli iliyo kona ya benki. Si hoteli ya kutisha. Zulia la ngazini limechakaa na mlinzi wa mlangoni anasinzia akiwa wima. Lakini watu walikuwa wanatoka mbali, wanapita hoteli zenye vioo na taa, wanakuja pale kwa ajili ya kitu kimoja alichokitengeneza dada. Kwenye karatasi ya vyakula kiliandikwa jina refu la kujidai ambalo hakuna mhudumu aliyeweza kulitamka, kwa hiyo wote walikiita Mzito. Mhudumu anasukuma mlango wa jiko kwa bega, anasema, "Mzito wawili, meza ya dirishani," na dada anajibu bila kugeuka, "Wanakuja."

Mzito ni chokoleti nyeusi iliyoyeyushwa pamoja na siagi juu ya maji ya moto, ikatiwa viini vya mayai kimoja kimoja, sukari, halafu krimu, ikaokwa polepole kwenye trei yenye maji na kupozwa ndani ya vikombe vidogo vya kioo. Juu yake anamwaga sukari aliyoichemsha mpaka ikageuka rangi ya kahawia. Ukichomeka kijiko katikati kinasimama chenyewe. Mimi si mtu wa vitu vitamu, lakini nilikula kimoja siku ile mume wangu aliponiacha, na nakiri nilipata nafuu kuliko niliyoipata kwa maneno ya shangazi zangu wote. Nikarudi kuishi na dada, na cherehani yangu nikaiweka sebuleni kwake.

Si mara ya kwanza kunipokea. Mama alifariki sijaanza shule, na dada, ambaye ndiye binti mkubwa, aliacha masomo akaenda kuosha trei kwenye bekari. Mwenye bekari alikuwa mtu mkali, kila mtu akimwita Mzee Unga kwa sababu nyusi zake zilikuwa nyeupe siku zote. Huyo bwana alikuwa na sheria moja, na aliitangaza kila asubuhi kabla ya kuwasha tanuri: kula ni wizi, kuonja ni kazi. Ukikutwa umekaa na kipande cha mkate, hata kilichoungua, unavua aproni siku hiyohiyo. Ukikutwa umeingiza kitu kwenye tanuri bila kukionja, unavua vilevile. Wasichana wengine walimcheka nyuma ya mgongo wake. Dada hakucheka, maana alikuwa na mdogo wake wa kulisha nyumbani.

Sheria ile ilimwingia kwenye damu. Alitoka nayo bekari, akahamia nayo hotelini, akazeeka nayo. Kijiko chake kidogo cha kuonjea kilikaa kwenye mfuko wa aproni, na wenzake wakifungua friji kujipakulia mabaki ya keki, aliwakata jicho mpaka wakarudisha sahani. Jikoni walimwita Shangazi, ingawa hakuwa na undugu na yeyote mle. "Mimi tangu nianze kazi sijala kitu cha mwenye mali," aliniambia mara nyingi, na aliponiambia hivyo alikuwa ananyoosha mgongo. Hakuwa na mume, hakuwa na mtoto, hakuwa na nyumba. Uaminifu huo ndio uliokuwa fahari yake.

Kisukari kilimpata kama kilivyompata mama. Alianza kunywa maji kupita kiasi, akakonda shingo, akawa anaona ukungu mbele ya macho. Daktari wa kliniki ni mtu mwema, simsemi vibaya, ila ana tabia ya kuuliza huku macho yakiwa kwenye kalamu. Alimpa dawa na kumwambia aache wanga mwingi na vitu vitamu vyote. Dada akaitikia kwa kichwa. Mimi nilikuwa nimekaa pembeni, na palepale nikajiteua kuwa askari wa nyumba.

Sina mchezo nikishaamua. Kopo la sukari nililipeleka kwa jirani, nikamwambia hata nikija nalia asinipe. Nyumbani kwetu kulikuwa na kipande cha mkate mweusi asubuhi na yai la kuchemsha, maharage na mboga za majani mchana, ambazo alizibeba kazini kwenye kontena, na jioni tango na mboga nyingine. Chai kavu, bila sukari. Dada alikula bila kunung'unika. Mara moja tu aliinua kwa uma kipande cha mboga kilichochemka, akakitazama, akasema, "Mdogo wangu, hiki kimekukosea nini?" Tulicheka, halafu akakila.

Na bado sukari ilikuwa juu. Kila tulipokwenda kliniki ilikuwa juu kuliko mara iliyopita.

"Jana ulikula nini, mama?" daktari alimuuliza.

"Asubuhi kipande cha mkate na yai. Mchana maharage na mboga. Jioni tango na maharage yaliyobaki."

"Kingine?"

"Sijala kingine."

"Hata keki moja huko kazini?"

"Kazini huwa sili," dada alisema, na mgongo ukanyooka kama kawaida yake.

Daktari akaandika. Akamwongezea dawa. Halafu akanitazama mimi, kama vile mimi ndiye ninayemuuzia soda mlangoni. Nilitoka pale nimefura, na dada akanishika mkono barabarani akaniambia nisijali, daktari ni kijana tu.

Kisha ikaja ile siku ya sukari ya kuchemka. Alikuwa anamimina juu ya Mzito, tone likaanguka kwenye kiatu chake cha kitambaa, likapenya, likakaa juu ya mguu na kuganda. Hakusikia kitu. Miguu yake ilikuwa imeshaanza kufa ganzi na yeye alikuwa hajamwambia mtu. Aliendelea kusimama nalo mpaka zamu ilipokwisha, na ni mama mwosha vyombo aliyeona soksi imegandamana na ngozi walipokuwa wanabadilisha viatu. Nilipofungua kitambaa walichomfunga nacho nililazimika kugeuza uso. Dada alikuwa ananitazama mimi, haangalii mguu.

Safari hii daktari aliweka kalamu chini. "Mama, nisikilize vizuri," alisema. "Kidonda hiki hakitapona sukari ikiwa juu namna hii. Ikishuka, mguu tutauokoa. Isiposhuka, tutakata. Sina njia ya katikati." Dada akauliza kama atakuwa anaweza kusimama jikoni. Daktari akasema hilo ndilo analojaribu kumwambia.

Hapo ndipo Mwepesi alipozaliwa.

Lilikuwa wazo lake mwenyewe, na niseme kweli, lilinifurahisha. Jioni moja amekaa mguu ukiwa juu ya stuli, mimi nashona makola ya sare za shule, akasema, "Wako wengi kama mimi. Wanakuja hotelini na familia zao, wenzao wanaletewa Mzito, wao wanaletewa kipande cha tikiti maji. Nitawatengenezea chao. Kiwe na ladha ileile, ila kisiue mtu." Alikuwa hajazungumza kwa furaha hivyo tangu mguu uungue. Nikamwambia afanye. Nilidhani akishughulisha akili na vitu vyepesi atasahau vile vizito.

Kila jioni akawa ananiletea habari za Mwepesi kama mtu anayesimulia kesi. Alianza kwa kutoa nusu ya krimu na kuweka maziwa yasiyo na mafuta. Ikatoka kitu cha majimaji, kinateleza kwenye kijiko. Akakaza kwa kornflawa, ule unga laini wa mahindi. Kikawa uji wa watoto. Akasaga parachichi lililoiva akalichanganya na kakao. Laini sana, alisema, lakini ukimeza kuna ladha ya jani inakuja nyuma. Boga la kuchemsha lilikuwa zuri mpaka lilipopoa. Ndizi akaikataa mwenyewe, maana ndizi ni sukari iliyovaa nguo. Mwishowe akarudi kwenye ute wa yai: aliupiga mpaka ukasimama, akauingiza taratibu kwenye chokoleti chungu kidogo iliyoyeyushwa na kahawa nyeusi, pamoja na mtindi aliouchuja kwa kitambaa mpaka ukawa mzito wenyewe. Hapo akasema amekaribia. Kilichobaki ni kujua kiasi cha sukari ya kuacha, kiasi cha chumvi, na kiasi cha kahawa.

Meneja alipopata habari akaruka nayo. Yule meneja sina neno zuri la kumsema, kwa hiyo nitasema machache. Akatangaza kwamba Mwepesi ataanza kuuzwa, akataka awe hana tofauti na Mzito. "Mteja akifumba macho asijue," alimwambia dada. Yeye mwenyewe hakuonja hata mara moja, alikuwa anaogopa kunenepa.

Na kidonda kikawa kinapanuka. Muuguzi wa vidonda alikuwa anakifungua, anakiosha, anakifunga, na kila siku alikuwa anazungumza kidogo kuliko jana. Mashine ya kupima sukari tuliyonayo nyumbani ilikuwa inatoa namba za kunitia presha kila dada akirudi kutoka kazini.

Nikaanza kumshuku. Nani asingemshuku? Nikapekua mkoba wake, nikapekua mifuko ya makoti, nikainua godoro, nikatazama hata ndani ya kasha la cherehani yangu. Sikupata hata karatasi ya pipi. Nilipomaliza, dada alikuwa amesimama mlangoni, ameegemea mkongojo wake.

"Umepata?" akauliza.

"Sijapata."

"Basi rudisha godoro." Akaenda kukaa. Baadaye akaongeza, bila hasira, "Mimi nimekulea, sijawahi kukudanganya. Nikikwambia sijala, sijala." Nami nilikuwa nampenda, na nilikuwa namkasirikia, yote kwa pamoja.

Kilichonifumbua macho ni siku yake ya mapumziko. Alikuwa amekaa sebuleni, ghafla akaanza kutetemeka, jasho likamlowesha mpaka kitambaa cha kichwa, akawa anaiambia cherehani yangu kwamba tanuri limezimika. Nikampima: sukari imeshuka mpaka karibu izime. Nikakumbuka kopo liko kwa jirani. Nilikimbia pekupeku, nikagonga, na yule mwanamke, kwa kuwa nilimwambia asinipe hata nikija nalia, akanisimamisha mlangoni kunihoji. Mungu anisamehe kwa nilichomwita. Nikanyakua kopo, nikamnywesha dada maji ya sukari, akarudi taratibu, akaniuliza kwa nini nimelia.

Nikakaa nikafikiri. Siku akikaa na mimi, akila nilichompikia na kumeza dawa zote alizoongezewa, sukari inaporomoka mpaka sakafuni. Siku akienda kazini, inapaa. Kwa hiyo hata kama amekula kiapo, kuna kitu kinaingia mdomoni kwake mle hotelini. Nikasema kesho nitakwenda kumfuma.

Kesho yake ilikuwa ndiyo siku ambayo Mwepesi anaanza kuuzwa. Nikafunga kazi yangu mapema, nikabeba bandeji safi ili nipate kisingizio, nikaingia kwa mlango wa nyuma. Mama mwosha vyombo alinifungulia, mikono ina povu. "Shangazi yuko na wanawe," akasema, akimaanisha vikombe.

Chumba cha vitamu ni kidogo, hakina dirisha, kina meza ya marumaru na friji linalounguruma. Dada alikuwa amenipa mgongo, mguu mbovu ameuegemeza juu ya kreti. Mbele yake kulikuwa na bakuli la Mzito na mabakuli mengi ya Mwepesi, kila moja na kiasi chake cha chumvi na kahawa. Akachota kijiko cha Mzito, akafumba macho, akameza. Akanywa funda la maji. Akachota Mwepesi, akameza. Akatikisa kichwa. Akarudi kwa Mzito ili akumbuke, akameza, maji, bakuli la pili la Mwepesi, akameza. Akatia chumvi kwa ncha za vidole, akakoroga, akaanza upya. Katikati ya hayo mpishi mmoja aliingia na sufuria ya mchuzi mtamu wa nyama, "Shangazi, hebu," na dada akaonja, akasema ndimu bado. Mwingine akaja na krimu ya keki. Kumbe ulimi wake ulikuwa wa jiko zima. Nilisimama pale mpaka miguu ikaniuma, na mkono wake haukupumzika.

"Dada," nikamwita.

"Ee, umekuja. Weka bandeji hapo juu, nitakuja."

"Umekula nini leo?"

"Mkate wako na yai. Cha mchana bado, sijapata nafasi." Alilisema hilo kijiko kikiwa mdomoni.

Nikamuuliza, "Na hicho ni nini?"

"Kipi?"

"Hicho ulichokimeza sasa hivi."

Akakitoa kijiko, akakitazama kana kwamba nimemuuliza habari za mkono wake mwenyewe. "Naonja," akasema. "Ni kazi."

"Kinakwenda wapi ukishakionja? Kuna tumbo jingine humo la mwenye hoteli?"

"Usiniletee maneno ya nyumbani kazini kwangu." Sauti yake ilipanda, na wapishi wakachungulia. "Mimi sijala hapa hata siku moja. Waulize hawa. Muulize huyu mama."

"Kweli kabisa," alisema mama mwosha vyombo. "Shangazi huwa hali. Hata mkate wa wafanyakazi hagusi." Wengine wote wakaitikia, tena kwa heshima. Hapo ndipo nilipoogopa kwelikweli, kwa sababu mle ndani hapakuwa na hata mtu mmoja aliyekuwa anadanganya.

Nikachukua bilauri tupu nikaiweka mbele yake. "Haya. Onja kama ulivyokuwa unaonja, na hao wakuletee vya kwao kama kawaida. Ila usimeze. Kila kijiko, tia humu."

Alikubali ili anikomoe. Akachota Mzito, akatia kwenye bilauri. Akachota Mwepesi, akatia. Mzito tena, bakuli la pili, la tatu, akawa anakwenda haraka haraka, mdomo ameubana, anataka kunionyesha upuuzi wangu. Mpishi wa mchuzi akaja, kijiko kikaenda kwenye bilauri. Bado alikuwa hajamaliza mzunguko mmoja wa yale mabakuli, na ile bilauri ikajaa. Akavuta nyingine mwenyewe. Ilipofika nusu, mkono ukaanza kwenda polepole. Halafu ukasimama.

Alikaa. Miaka yote niliyokuwa napita pale kumletea hiki na kile, sikuwahi kumwona amekaa ndani ya chumba kile. Aliitazama ile bilauri ya kwanza, nyeusi mpaka juu.

"Daktari aliniuliza," akasema mwishowe. "Kila siku aliniuliza."

"Alikuuliza umekula nini."

"Na mimi nikamjibu."

Meneja akaingia akisugua viganja, akataka kujua kama Mwepesi yuko tayari maana wageni wameshakaa. Dada akasema bado chumvi, akanyoosha mkono kwenye kijiko, akaurudisha. Akamwita mama mwosha vyombo aje aonje yeye. Yule mama akafuta mikono, akaonja, akasema, "Tamu."

"Tamu vipi?"

"Tamu tu, Shangazi."

Dada akafumba macho. Akasema haya, wapelekeeni, na Mwepesi akatoka hivyohivyo kwenda kwa watu.

Tangu saa ile hakuonja tena. Alisema ameacha, na akisema ameacha ameacha. Lakini ule mguu ulikuwa hautusubiri sisi tuelewane. Muuguzi alipofungua bandeji iliyofuata alitoka nje kumwita daktari, na daktari alipoingia hakuuliza swali hata moja. Uozo ulikuwa umeshapita kifundo, unapanda. Dada akauliza watakata mpaka wapi. Daktari akamwonyesha kwa ubapa wa mkono, chini kidogo ya goti. Dada akaitikia kwa kichwa, kama alivyoitikia siku alipokatazwa vitamu.

Nilimfuata daktari ukumbini nikampa vidonge vyake vya maneno. Nilimwambia yote, bilauri, vijiko, sheria ya Mzee Unga. Akaegemea ukuta. "Hakuniambia kwamba anaonja," akasema. Nikamjibu kwamba hakumuuliza. Sikumwambia kwa ubaya, au labda nilimwambia kwa ubaya, sijui. Wote wawili tulikuwa tumemchunga mtu mkweli kwa swali lisilo lake.

Wakaukata. Sina la kusimulia hapo, na aliyewahi kukaa kwenye benchi la nje ya chumba kile hahitaji kusimuliwa.

Siku dada alipoanza kuweza kukaa kitandani, mama mwosha vyombo alikuja kumwona, amebeba kikombe cha Mwepesi amekifunika kwa foili. Alisema kinauzwa kuliko hata Mzito, na sasa anakitengeneza msichana mmoja mpya. Dada alikipokea kwa mikono miwili. Alikinusa, akakiinamisha kidogo kuona kama kinashika kwenye kioo, halafu akaomba apelekewe mgonjwa wa kitanda cha pili. Mgonjwa yule alikila chote, akakwangua mpaka chini, akasema hajawahi kula kitu kitamu namna ile na akauliza nani kakitengeneza. Dada akasema hajui.

Nyumbani tulianza maisha mengine. Kiti cha magurudumu hakipiti kati ya cherehani na meza, kwa hiyo meza nikaiuza. Anakula ninachompikia. Ananisaidia kushona vifungo, vizuri kabisa, na haongei sana. Siku nyingine namkuta amekaa anautembeza ulimi ndani ya mdomo, taratibu, kama anatafuta kitu, na nikiingia anaacha.

Juzi nilimpeleka kliniki. Daktari alipoona majibu alisoma mara mbili, akatabasamu, tabasamu la mtu aliyekuwa anangojea habari njema kwa muda mrefu. "Mama, hongera sana," akasema. "Nilishakupunguzia dawa, nimekupunguzia tena, na bado sukari iko pale ninapotaka. Sijawahi kuiona nzuri hivi tangu uanze kuja hapa. Na umefanya nini? Hukufanya jambo kubwa. Umeacha tu kuonja."

Dada alikuwa ameshika ule upande wa gauni unaoning'inia mtupu, anaukunja na kuukunjua.

"Kwa hiyo ingeshuka," akasema.

Daktari akadhani hakusikia vizuri. "Imeshuka, mama. Imeshashuka."

"Ndiyo," dada akasema. "Nimesikia. Ingeshuka."

Tabasamu la daktari likamtoka usoni. Akaichukua kalamu, akaiweka, na hakuandika chochote. Nikaachia breki ya kiti, nikamgeuza dada, tukaenda kupanga foleni ya dawa.